Madamu Aliyetufundisha Kwenda Biro

Mara ya kwanza nilipompeleka mzee wangu, baba yangu mkubwa, kudai haki yake serikalini, tulikataliwa mara nne kabla hata ya kutoka nyumbani kwa Madamu. Serikali yenyewe ilikuwa haijasikia habari zetu. Aliyetukataa ni Madamu, aliyekaa nyuma ya meza yake ya kulia chakula, miwani imeshuka mpaka ncha ya pua, rula mkononi, akijifanya karani. Mara ya kwanza alitukataa kwa sababu tuliingia bila kubisha. Mara ya pili tulibisha mno. Mara ya tatu baba yangu mkubwa alianza kueleza habari ya mvua iliyotukuta njiani kutoka Mboko. Mara ya nne hakutoa sababu yoyote. Alisema tu turudi mwezi ujao, akavuta daftari la mtoto wa shule akaanza kusahihisha kana kwamba tumekwisha kuondoka.

Baba mkubwa, ambaye alifundisha shule ya msingi kwa miaka mingi kuliko umri wa milima yetu, alitaka kulia. Hapo Madamu akavua miwani, akawa mtu tena, akamuuliza kama amesikia uchungu. Baba mkubwa akakubali kwamba amesikia.

"Basi umeumaliza hapa, Papa," akamwambia. "Kule biro hakutabakia mupya."

Ndivyo alivyofanya kazi. Hapa mjini kwetu Baraka, kila mwalimu aliyezeeka, kila muuguzi aliyechoka, kila mjane wa mtumishi wa serikali aliyepata randevu, siku ya miadi, kwa ajili ya pansiyo, yaani yale malipo ya uzeeni, alipita kwanza mbele ya meza ile. Madamu hakuwa mtu wa biro, wa ofisi ya serikali. Asubuhi alifundisha darasa la tano, na jioni alitufundisha sisi watu wazima tulioacha shule wakati wa vita. Mimi ni fundi wa baiskeli. Nilipata cheti changu kwake nikiwa tayari na mvi mbili ndevuni, na siku matokeo yaliposomwa nilipiga kelele iliyowaamsha samaki wa Ubwari, ng'ambo ya ghuba. Nasema hivyo ili ujue kwamba anayeandika hapa si mtu wa hivi hivi.

Jambo moja lazima ulijue tangu sasa, kwa sababu sisi sote tulilijua na lilitukosesha raha. Katika watu wote hao aliowatayarisha, Madamu mwenyewe alikuwa hajaenda. Umri wake wa kustaafu ulipita zamani. Macho yalikuwa yanamwisha. Watoto wa benchi la nyuma aliwatambua kwa sauti tu, nao walishagundua kwamba ukinyamaza kabisa huwezi kuulizwa swali. Mkuu wa shule alikuwa amemweleza, kwa heshima zote na akitazama viatu vyake, kwamba mwisho wa mwaka darasa la tano litapewa mtu mwingine, dosie yake, yale makaratasi ya kuombea pansiyo, iwe imepita au haijapita. Maana yake, kama orodha ya pansiyo ingefungwa kabla hajaingia, Madamu angebaki nyumbani bila darasa na bila pansiyo. Na kila alipopata randevu, alimgawia mtu mwingine.

Tuanze na daftari lake la randevu. Karani alikuwa anatoka Uvira, wiki moja kila mwezi, anafungua chumba cha kupanga karibu na soko. Watu wachache kwa siku, majina yanabandikwa mlangoni. Wewe ungefikiri kupanga siku ni kazi ya kalenda. Kwa Madamu kalenda ilikuja mwisho. Kwanza aliuliza habari za mihogo: umeitia majini siku gani? Maana mama aliyeloweka Jumatatu, Alhamisi haji hata akiitwa na Rais. Muhogo ukipitiliza majini unanuka mpaka majirani wanahama mtaa. Kisha aliuliza mwezi wa mbinguni. Wazee wa Ubwari wanakuja kwa mitumbwi, na mitumbwi ni ya vijana wanaovua ndagala, wale dagaa wetu, kwa taa. Wakati wa giza hakuna kijana atakayekuvusha asubuhi, wote wamelala kama magogo. Lakini mwezi ukijaa, ndagala hawaijali taa, mitumbwi inapumzika, na wazee wanavushwa kama maaskofu. Basi watu wa Ubwari waliandikiwa siku za mwezi mpevu. Madamu alizungumza na karani kwa upole, leo neno moja, mwezi ujao neno la pili, mpaka karani akaisogeza wiki yake nzima ifuate mwezi, na nadhani mpaka leo anaamini alijiamulia mwenyewe.

Mwalimu mmoja wa Bibokoboko yeye alipewa siku ya tatu ya wiki, daima ya tatu: moja ya kushuka milima, moja ya kulala kwa Madamu miguu ipungue uvimbe, ndipo biro. Na mkimbizi wa Burundi, mama mmoja mkulima ambaye hata hakuwa na haki ya pansiyo, alikuja kuuliza namna ya kuomba karatasi zake kwenye biro nyingine kabisa. Madamu alimkatalia mara nne kama sisi sote, kisha akampa chai.

Sasa habari ya sufuria. Madamu alikuwa anahifadhi karatasi zake ndani ya sufuria, kifuniko juu, kamba ya mpira imezungushwa. Alizoea hivyo tangu mwaka ule wa vita tulipokimbilia ng'ambo ya ziwa. Watu waliobeba karatasi ndani ya mabegi walifika na uji. Yeye alifika na barua yake ya kuajiriwa kavu, unaweza kuiwashia moto wa samaki. Kwa hiyo, masika yalipoanza, aliwaambia watu wake: kila mtu atie dosie yake ndani ya sufuria. Alimaanisha nyumbani. Hakusema nyumbani.

Jumatatu asubuhi karani akafungua dirisha akakuta mbele yake sufuria arobaini. Haya, labda kumi na nne. Bamama wamezibeba kichwani, bazee wamezishika kwapani, nyingine bado nyeusi kwa moshi, moja ni ile kubwa ya harusi ambayo mjane aliiazima kanisani kwa sababu dosie ya marehemu ilikuwa nene. Na wote wamenyamaza, maana Madamu alikuwa amewafundisha kunyamaza. Karani akafikiri ni maandamano ya njaa. Akafunga dirisha, akafunga mlango, na inasemekana akaingia chini ya meza, ingawa mimi sikuona, nilikuwa naziba tairi. Ikabidi Madamu aitwe kutoka darasani. Alikuja na chaki mkononi, akabisha mara mbili, si mara tatu, akasema kwa sauti ya kawaida:

"Karani, fungua tu. Ni batu na makaratasi yabo. Chakula haiko."

Tangu siku hiyo karani alimwogopa na kumpenda kwa kipimo kilekile. Alikiri baadaye kwamba mwezi ule, mvua ilipovunja mapaa ya nusu ya mji, hakupokea hata dosie moja iliyolowa.

Lakini kazi ngumu ya Madamu kuliko zote ilikuwa hesabu ya watoto, na hapo narudi kwa baba yangu mkubwa. Siku yake ilipofika alivaa koti, akaingia biro, nami nyuma yake. Akajibu jina vizuri. Akajibu shule alizofundisha vizuri. Karani akamuuliza ana watoto wangapi. Baba mkubwa akaketi sawasawa, akajibu kwa fahari: ishirini na watatu.

Kwenye dosie walikuwa sita.

Karani akatazama karatasi, akamtazama mzee, akauliza hao kumi na saba wengine wametoka wapi. Mzee akaanza kuwataja. Sisi watoto wa ndugu zake tulikuwemo wote, maana kwetu mtoto wa ndugu yako ni mtoto wako, hakuna neno jingine la kumwita. Akanionyesha mimi kama ushahidi. Karani aliyekuja kutafuta watoto hewa, wale wanaoandikwa na hawapo, akajikuta na watoto waliopo na hawakuandikwa. Akaiweka dosie pembeni. Ikalala hapo miezi mitatu.

Tuliporudi kwa Madamu, baba mkubwa alikuwa na hasira ya kuchemsha maharagwe.

"Kumbe ile karani anataka nikane batoto ba ndugu yangu?"

"Hakuna mutu anakuambia ubakane, Papa. Baache kwako nyumbani, bako salama. Kwa biro unaendaka na bale Mama alizaa, basi."

"Na huyu?" akanionyesha kwa kidole.

"Huyu umuache inje."

Ndivyo nilivyoachwa nje. Madamu alimfanyisha mazoezi wiki nzima: anauliza watoto, mzee anajibu sita, anafunga kinywa. Siku ya tatu ya mazoezi mzee aliweza kusema sita bila jasho. Msemo wa Madamu katika kazi hiyo ulikuwa mmoja tu: "Jibu swali, usijibu ukoo." Randevu ya pili ikapita sawasawa. Ila mzee alipotoka na karatasi yake iliyopigwa muhuri, alinikumbatia pale barabarani mbele ya pikipiki zote za Baraka, akaniomba msamaha kama mtu aliyeniuza sokoni. Mpaka leo, akinipigia simu, anaanza kwa kunihakikishia kwamba mimi ni wa saba.

Usidhani Madamu mwenyewe aliishika sheria yake. Mtu aliyetufundisha kujibu kwa neno moja hakuweza kuvuka soko bila kusalimia kuanzia wauza chumvi mpaka wauza mkaa, na kwa kila mmoja aliuliza mgonjwa wa nyumbani kwa jina. Alituambia tufike saa nzima kabla, naye mwenyewe kanisani aliingia wimbo wa pili, akaimba kwa sauti kubwa ili afidie ule wa kwanza. Alikataa uongo kabisa. Lakini kama mzee alikuwa na kikohozi cha kweli, alimwambia asikizuie mbele ya karani. Alikuwa mkali juu ya wakati wa kuvunjika kwa darasa letu la jioni, akitufukuza tukaone watoto wetu, halafu anasimama mlangoni akitueleza tena lile somo mpaka mbuzi wamerudi. Chaki aliifunga kwenye ncha ya kitenge chake, pale wengine wanapofunga noti.

Na miwani yake. Mkono mmoja ulivunjika, nikautengeneza kwa kipande cha mpira wa baiskeli, kazi nzuri kuliko ya Ulaya. Kila baada ya miezi michache aliniletea nikaze. Siku moja, mpira mdomoni, nikajipa moyo nikamuuliza yeye anaenda lini.

"Mi nitaenda."

"Lini, Madamu?"

"Batoto bakimaliza sehemu."

Alimaanisha zile hesabu za nusu na robo, ambazo kwa darasa la tano ni kama mlima. Lakini kila mwaka kuna darasa la tano jipya, na kila mwaka sehemu zinaanza upya. Nilifungua kinywa nimwambie hivyo. Akavaa miwani akanitazama, nikajikumbuka kuwa mimi ni fundi tu.

Randevu yake ya kwanza alimwachia mjane wa muuguzi ambaye cheti chake cha kuwa hai kilikuwa kinakwisha muda wiki ileile. Ndiyo, kuna cheti kama hicho. Unakwenda kuonyesha kwamba hujafa, na baada ya miezi mitatu unakufa tena mpaka uchukue kingine. Randevu ya pili alimwachia yule mwalimu wa Bibokoboko aliyechelewa kwa sababu ya mto. Alikuwa na sababu nzuri mara zote mbili. Ndilo lililokuwa baya.

Kisha likabandikwa tangazo mlangoni. Wiki hii karani anapokea dosie za mwisho; baada ya hapo orodha inapelekwa juu, na hakuna anayejua itafunguliwa tena lini. Nililisoma mara tatu, nikiushukuru ule usomi wangu wa jioni. Sikwenda kumuuliza Madamu. Niliingia biro nikaandikisha jina lake mwenyewe, Jumatano, wa kwanza. Halafu nikazunguka kwa kila aliyekuwa kwenye orodha, nikawatangazia kwamba atakayeipokea nafasi ya Madamu hatajaziwa upepo na fundi yeyote kuanzia hapa mpaka Uvira. Nilitishia kwa niaba ya mafundi ambao hata siwajui.

Jumatano alifika, chaki bado vidoleni. Alikuwa ametoka katikati ya somo. Akamwona mjane mmoja kijana kwenye foleni na mtoto mgongoni. Nikajua. Akamwendea akamwambia apite yeye kwanza.

"Hapana, Madamu," yule mama akajibu, akitazama chini. "Mi sipiti. Baiskeli ni ya bwana yangu marehemu, na ndiyo inabebaka mihogo yangu."

Madamu akageuka akanitazama. Nikatazama paa.

Akaingia. Akabisha mara mbili. Karani, ambaye sijawahi kumwona akisimama kwa ajili ya mtu, alisimama. Akaanza kuuliza, na Madamu akajibu vile alivyotufundisha: jina, mwaka wa kuajiriwa, shule, watoto wawili. Kila jibu lilikuwa kama msumari, pigo moja tu na umeingia. Mimi nilikaa kwenye benchi ukutani, karibu nipige makofi. Ndipo karani akauliza siku yake ya mwisho ya kazi.

Madamu akaigeuza chaki vidoleni.

Karani akadhani hakusikia. "Mama, kazi ulimalizaka siku gani? Bila ile tarehe, dosie haifungi."

"Bengine banakuambiaka nini?"

"Banasema tu tarehe. Bengi balishaacha kazi zamani."

Nikaelewa. Mbele ya meza yake sisi tuliulizwa maswali yote, mia kwa mia, ila hilo moja. Hakuwahi kulifanyia mazoezi, kwa sababu watu wote waliokuja kwake walikuwa wamekwisha kulijibu kabla hawajafika.

"Mi nimetoka darasani sasa hivi," akasema.

"Basi tuandike leo, Mama."

"Leo haiwezekani. Niliacha hesabu kwa ubao."

Karani akaweka kalamu chini. Hakuwa mtu mbaya. Alisema polepole kwamba gari la kuchukua orodha linaondoka kesho, kwamba karatasi haiwezi kumlipa mtu aliye kazini na aliyeacha kazi kwa pamoja, na kwamba anaweza kungoja kidogo. Nje kulikuwa na foleni, lakini hakuna aliyekohoa.

Madamu aliivuta ile karatasi mpaka karibu na pua, akaitafuta nafasi iliyoachwa wazi kwa kidole kama mtu anayepapasa mlango gizani.

"Andika Ijumaa," akasema.

"Ijumaa hii?"

"Ijumaa hii. Saa sita na nusu."

"Nafasi ya kuandika saa haiko, Mama."

"Andika pembeni."

Karani akaandika pembeni. Madamu akatia sahihi kwa ule mwandiko wake wa ubaoni, ikajaza kisanduku chake na kisanduku cha karani pia. Tulipotoka hakuniambia lolote kuhusu vitisho vyangu. Alipofika njia panda aliniuliza tu kama ninadhani inawezekana kumaliza sehemu ifikapo Ijumaa. Nikamwambia inawezekana. Akasema mimi sikuziweza hesabu tangu zamani, akashika njia ya shule, akisalimia kila mtu.

Ijumaa nilifunga kibanda saa tano na nusu nikaenda kusimama dirishani kwa darasa la tano. Alikuwa amechora muhogo ubaoni, mkubwa kama mtumbwi, ameugawa vipande vinane, anafuta kimoja kimoja na kuuliza kimebaki kiasi gani. Saa sita na nusu ikagongwa ile ringi ya gari inayotumika kama kengele. Madarasa mengine yakamwagika uwanjani, vumbi na kelele. La tano nalo likasimama, mabegi mgongoni.

"Kaeni," Madamu akasema. "Bado kipande."

Wakakaa. Mkuu wa shule akaja mpaka mlangoni na chuma cha kengele mkononi, akatazama ndani, akatazama saa yake, kisha akageuka akaondoka akikanyaga taratibu kama mtu anayepita penye mgonjwa. Mimi nilitazama simu yangu: saa saba kasoro kumi. Kwa karatasi iliyokuwa tayari njiani kwenda Uvira, darasa lile lilikuwa halina mwalimu kwa dakika ishirini sasa, na yule aliyekuwa ubaoni alikuwa mama tu wa mtaani aliyeingia na chaki.

Akafuta kipande kingine. Akawageukia, akauliza nani anakuja kuandika kilichobaki. Hakuwa anawaona vizuri, lakini mikono yote ilipanda, hata ya benchi la nyuma. Na mimi kule dirishani, mtu mzima mwenye cheti, niliinua wangu.